Maji ya Kwanza ya Uyoga

Mume wangu Dastani alirudi Newala mwezi wa kwanza, mvua zikiwa zimekolea, akiwa na begi la nguo, chujio la waya na chupa ya sosi nyeusi ya soya aliyoiviringisha kwenye taulo kama mtoto mchanga. Wanawake wa mtaani kwetu, waume zao wakitoka Dar es Salaam, huletewa vitenge au redio, maana zilikuwa siku za ruksa, maduka yamejaa bidhaa na hakuna aliyekuuliza umezitoa wapi. Mimi nililetewa chujio. Nikalitazama, nikamtazama na yeye, nikaingia ndani kumchemshia maji ya kuoga kabla sijatamka neno la kujutia.

Dastani ni mpishi. Miaka yote ya ndoa yetu alikuwa akimpikia mhandisi mmoja Mjapani na mkewe, Mama Tanabe, huko Dar, na mimi nilikuwa mke wa Krismasi. Anakuja, anakaa siku chache, anaondoka. Mwaka mmoja binti yetu Dorothy alimwamkia, "Shikamoo, mgeni," na akaitikia marahaba huku akicheka, lakini mimi niliona jinsi alivyokwenda kukaa nyuma ya nyumba peke yake. Sasa Wajapani walikuwa wamemaliza mradi wao na kurudi kwao. Nilifikiri yamekwisha. Usiku ule ule akaniambia kuna Wazungu wengine wanatafuta mpishi, rafiki yake amemwombea nafasi, na wanamtaka Dar wiki inayofuata. Basi lake lingekuwa la Jumatatu.

"Na usipokwenda?" nikamwuliza.

"Nisipokwenda nitakula nini hapa? Mimi sijui kulima, Flora. Mikono yangu inajua sufuria."

Kisha akasema jambo ambalo nadhani alikuwa analibeba tangu ashuke kwenye basi. Nyumba ya mama yangu, tunamoishi, iko mkabala na stendi, na mbele yake kuna uwanja mtupu. Alitaka kuweka pale banda la supu. Si supu ya mbuzi, ambayo lazima uanze kwa kutafuta mbuzi. Supu ya vitunguu, ile aliyofundishwa na Mama Tanabe.

Nilicheka mpaka Dorothy akageuka kitandani. Supu ya vitunguu! Kwetu kitunguu ni cha kuungia, ukipika kitunguu peke yake watu watadhani umefiwa. Kesho yake akanipikia chumbani kwetu, kwenye jiko la mkaa, ili niache kucheka. Alitia kwenye sufuria vitunguu vilivyokatwa vipande vinene, karoti, kipande cha tangawizi, kitunguu saumu na mifupa ya kuku, akaweka maji mengi na moto mdogo, akakaa nayo saa nzima na zaidi bila kuikoroga. Nikamwambia moto ule hauivishi hata yai. Kisha akachukua lile chujio lake, akamimina, na mle kwenye bakuli nikaona maji ya rangi ya chai nyepesi, basi.

"Na vitunguu?"

"Vimekwisha kazi. Utamu wote umehamia kwenye maji."

"Unatupa karoti iliyotoka Masasi kwa basi?"

"Nachuja, Flora."

"Unatupa."

Akatia matone ya sosi yake nyeusi, akanyunyizia majani mabichi ya kitunguu na vitunguu vingine alivyokuwa amevikaanga mpaka vikawa vikavu na vya dhahabu. Akanipa. Nilikunywa nikiwa nimekwisha tayarisha maneno ya kumchamba, na maneno hayakutoka. Ule ukali wa kitunguu haukuwepo kabisa. Ulibaki utamu mpole, kisha tangawizi inakushika kooni taratibu, na vile vitunguu vya kukaanga vinavunjika mdomoni. Nilimwomba bakuli la pili na bado sikumsifu, maana mwanaume ukimsifu mapema anaharibika. Lakini nilikuwa nawaza abiria wa basi la alfajiri, jinsi wanavyojikunyata stendi kwenye ukungu wa Newala wakitafuta kitu cha moto, na wanachopata ni chai ya rangi iliyopashwa mara ya tatu. Nikaanza kutaka banda lile kuliko yeye.

Tatizo lilikuwa uwanja. Kwetu Wamakonde ardhi inafuata upande wa mama. Mwanaume anaoa na kuhamia ukweni, na mwenye kauli ni mjomba. Mjomba wangu Walter, mdogo wake mama, aliyekuwa akiishi Lulindi, alikuwa tayari ameombwa uwanja ule na Tahiri, mfanyabiashara wa Masasi. Tangu wanunuzi binafsi waruhusiwe kununua korosho, kila mtu alitaka ghala karibu na barabara, na Tahiri alitaka lake liwe limesimama kabla ya msimu. Mjomba aliahidi kumpa jibu Jumamosi. Nikamtumia ujumbe kwa dereva wa gari la misheni kwamba kabla hajatoa jibu, aje ale kwetu, mkwe wake ana neno. Akakubali. Mjomba hajawahi kukataa chakula.

Dastani alikwenda Masasi Ijumaa, akarudi na wavu mzima wa vitunguu, karoti na mifupa ya kuku kutoka kwa mwenye hoteli mmoja. Mimi nilikwenda porini alfajiri ya Jumamosi kutafuta uyoga, kwa sababu alisema Mama Tanabe hakupika supu ile bila uyoga. Nikapata ule mkubwa mweupe unaoota kwenye vichuguu, ambao hata mtoto anaujua kuwa ni salama. Dastani aliukata vipande vidogo vidogo, akautia wote sufuriani.

Sasa nieleze habari ya mama, maana bila hiyo hamtaelewa yaliyotokea.

Kwetu mkwe wa kiume na mama mkwe hawatazamani. Si ugomvi, ni heshima. Dastani akimwona mama anakuja njiani, huingia kwenye nyasi na kugeuka pembeni mpaka apite. Mama akiwa jikoni, Dastani hapiti hata upande ule wa uwanja. Salamu zilipitia kwangu. "Mwambie nkwe nimemsalimu." "Mama, mkweo anakuamkia." Mmoja yuko upande huu wa ukuta, mwingine ule, wanasikiana vizuri kabisa, na mimi nimekaa katikati kama waya wa simu. Tangu nimeolewa hawajawahi kupeana neno moja la moja kwa moja. Na wote wawili walikuwa hodari wa kukohoa. Ukikohoa kwenye kona ya nyumba, mwenzako anajua unakuja na anaondoka.

Mama anaitwa Mabel. Kumwomba jiko lake kwa ajili ya mwanaume haikuwa kazi ndogo.

"Jiko langu? Ntu nnume?"

"Siku moja tu, mama. Mjomba anakuja."

Akaendelea kupepeta mbaazi. "Jumamosi nina mkutano wa akina mama kanisani. Apike. Nikirudi nisimkute."

Makubaliano yakawa hivyo. Asubuhi Dastani aliingia jikoni, akabandika sufuria kubwa juu ya mafiga, akapunguza kuni. Hadi saa sita supu ilikuwa imetulia, inanukia mpaka jirani wakachungulia. Ilibaki kuchujwa tu. Mimi nikavaa kanga safi nikaenda stendi kumpokea mjomba.

Na ndipo mvua ilipoanza kunyesha, mkutano wa akina mama ukavunjika mapema, na mama akarudi.

Yafuatayo sikuyaona. Dastani ndiye aliyenisimulia, na mama baadaye akakubali kila neno. Alisikia kikohozi cha mama kwenye kona. Chujio lilikuwa mkononi mwake, akaliweka chini, akatoka kwa mlango wa nyuma kama mila inavyomtaka, akasimama kwenye mvua chini ya mkorosho, akisubiri mama aende chumbani kwake kubadilisha nguo. Mama hakwenda chumbani. Alisikia harufu, akaingia jikoni, akafunua sufuria. Akaona uyoga umekatwakatwa, haujulikani ni wa aina gani, unaelea kwenye maji yale yale uliyochemkia tangu asubuhi.

Mama yangu ana woga na uyoga. Kila mtu wa kwetu aliyeishi muda mrefu ana habari yake ya uyoga. Aina nyingi unazichemsha kwanza, unamwaga yale maji ya kwanza pamoja na uchungu na sumu yake, ndipo unaanza kupika. Mama hakujua kuwa ni uyoga wa kichuguu. Alichojua ni kwamba mwanaume amepika uyoga, na mwanaume hawezi kujua habari ya maji ya kwanza, na ndugu yake wa pekee yuko njiani kuja kuula.

Akachukua vitambaa viwili, akaishika sufuria, akatoka nayo nje hadi kwenye mpapai ulio kando ya uwanja.

Dastani alimwona. Alikuwa karibu kiasi cha kusikia maji yakichuruzika. Angeweza kusema "mama, hapana," na supu ingepona. Hakuweza. Midomo yake ilikataa kumwita mama mkwe wake. Akafanya kitu pekee alichoruhusiwa kufanya. Akakohoa.

Mama naye, kwa heshima, akakohoa. Akaendelea kumwaga.

Nilipofika na mjomba Walter, tukiwa na Tahiri aliyeshuka naye kwenye gari moja, nilimkuta mume wangu amesimama kwenye mvua, shati limegandana na mwili, anautazama mpapai. Nikajua kuna msiba. Nikawakaribisha wageni barazani, nikakimbilia jikoni. Mama alikuwa anatwanga korosho kwenye kinu kidogo, mwenye furaha kabisa. Vitunguu, karoti, mifupa na uyoga vilikuwa ndani ya sufuria, vimetiwa maji mapya, vinasubiri kuungwa kwa korosho.

"Nimewaokoa," akaniambia. "Mumeo angetuua wote. Maji ya kwanza yalikuwa bado mle mle! Nimeyamwaga, sasa naweka korosho, tutapata mboga nzuri."

Nilikaa chini kwenye majivu na kanga yangu safi. Hasira ilinipanda mpaka machozi yakatoka, na sikuyafuta.

"Mama, yale maji ndiyo yalikuwa chakula."

"Maji gani?"

"Hayo uliyomwaga! Amekaa nayo tangu asubuhi. Mboga ndiyo ilikuwa ya kutupwa, maji ndiyo ya kunywa. Ndivyo Wajapani wanavyopika. Na uyoga ni wa kichuguu, nimeuchuma mwenyewe. Mjomba ameshafika na Tahiri. Mjomba asipokunywa kitu leo, uwanja unakwenda, na Dastani anaondoka Jumatatu. Umemmwaga mume wangu, mama, pale kwenye mpapai."

Mama akaacha mchi ndani ya kinu. "Anaondoka? Si amekuja juzi?"

"Anaondoka. Kazi nyingine imepatikana."

"Mbona hujaniambia?"

Ningemwambia nini? Ujumbe wa Dastani kwa mama kwa miaka yote ulikuwa salamu, na ujumbe wa mama kwa Dastani ulikuwa salamu. Hakuna aliyewahi kunituma neno zito. Mama aligeuka akatazama mlango wa nyuma.

"Na alikuwa pale nje? Aliniona?"

"Alikuona."

"Kile kikohozi," akasema mama, na sauti yake ikashuka. "Nilidhani ananiharakisha niingie ndani, mvua inanyesha."

Nilitegemea atajitetea, maana mama yangu hashindwi kirahisi, na mimi nimemrithi. Badala yake alijifunga kanga kiunoni upya, akanipita, akatoka barazani.

"Walter," akamwambia mdogo wake, "chakula bado."

"Shikamoo dada. Niliambiwa saa saba."

"Marahaba. Hata mimi niliambiwa mengi. Kaa."

Mjomba, mzee wa kanisa mwenye mvi, akakaa. Mama akamgeukia Tahiri. Tahiri ni Mwislamu na mama alijua kuwa mgeni huyu hangekula nyama iliyochinjwa ovyo. "Mwanangu, nichinjie kuku wangu, na wewe upate kula."

Alikwenda mwenyewe kumkamata. Nilipoona ni yupi nilitaka kumzuia. Alikuwa mtetea wake mweusi anayetaga kila siku, ambaye hata Krismasi, Dastani akiwa amekuja, mama alikataa asiguswe. Alimkabidhi Tahiri bila kumwangalia. Tahiri akakunja mikono ya kanzu, akasoma bismillahi, akachinja. Sidhani kama alijua anachinja kwa faida ya nani.

Kisha mama akaenda kusimama kwenye mlango wa nyuma wa jiko. Dastani alikuwa amejibanza nyuma ya ukuta, kichwa ameinamisha.

"Nkwe," akasema mama.

Mjomba alisikia kule barazani, maana aliacha kuzungumza na Tahiri. Dorothy aliyekuwa akicheza na manyoya ya kuku akasimama. Dastani aliniangalia mimi. Nami kwa mazoea nikafungua mdomo, "Dastani, mama anasema..."

"Amesikia," mama akanikata. "Nkwe, ingia jikoni. Njoo unioneshe."

Aliingia. Aliingia kama mtu anayeingia kanisani amechelewa, upande upande, akakaa kwenye kigoda cha mbali. Mama akaiweka kando ile sufuria ya mboga, akabandika nyingine, akakaa kwenye kigoda cha pili na kumpa mgongo nusu. Hawakutazamana. Lakini walipika, na namna walivyopika nitaikumbuka mpaka nife, kwa sababu Dastani alizungumza na sufuria, na mama naye aliuliza sufuria.

"Kitunguu kinakatwa kikubwa," akaiambia sufuria, "kikiwa chembamba kinayeyuka, supu inakuwa na wingu."

"Na moto?" mama akaiuliza sufuria.

"Mdogo. Ikitokota kwa nguvu inachafuka."

Mama akatoa ukuni mmoja. Akatoa wa pili. Ilipoanza kutoa povu akachukua upawa, akaliengua taratibu kabla hajaambiwa, na Dastani akaiambia sufuria kwamba ndivyo hasa, Mama Tanabe alikuwa akifanya hivyo hivyo. Mabega ya mama yakamkaa vizuri. Niliwaacha. Kwa mara ya kwanza hawakunihitaji, na nilisimama nje kwenye manyunyu nikijisikia mwepesi na kuachwa, vyote kwa pamoja.

Barazani mjomba alikuwa ameanza kunung'unika kwa njaa. Nikampelekea ming'oko ya kuchemsha, vile viazi vya porini vya kwetu, yeye na Tahiri wakaimenya na kuzungumza habari za korosho na bei za wanunuzi. Tahiri alikuwa anapima uwanja kwa macho. Aliuliza kama ukuta wa ghala ukifika kwenye mpapai mama atakasirika. Mjomba akasema mpapai utakatwa tu. Nilisikia, nikarudi haraka jikoni kuchungulia sufuria.

Wakati wa kuchuja ulipofika, mama alishika sufuria kwa vitambaa vyake viwili na Dastani akashika chujio. Maji yakapita, safi, ya rangi ya chai. Mama akatazama vitunguu na nyama ya mtetea wake vilivyobaki kwenye chujio.

"Hivi navyo vinatupwa?" akauliza.

Dastani alisita. Nadhani aliwaza Mama Tanabe, na jiko la vigae la Dar. Kisha akasema, "Havitupwi, mama. Viunge kwa korosho zako. Atakayekunywa supu apate na mboga pembeni."

Alisema "mama". Hakuiambia sufuria.

Vitunguu vya kunyunyizia juu alivikaanga mama mwenyewe, kwa kuwa mafuta anayajua kuliko sisi wote. Dastani alitaka kuviopoa, mama akasema bado. Kidogo tu, akasema sasa. Vilitoka vikavu, vya dhahabu, hakuna hata kimoja kilichoungua.

Mjomba alipowekewa bakuli aliinama akalichungulia kwa muda.

"Flora, hii naona mpaka maua ya bakuli."

"Kunywa, mjomba."

"Nimesubiri tangu saa saba nipewe maji yanayoonesha maua?"

"Kunywa kwanza," mama akamwambia kutoka mlangoni. Mjomba akanywa. Tahiri alikuwa amekwisha anza, na hakusema chochote, alipuliza tu na kunywa, alipuliza na kunywa. Mjomba alikunywa kijiko, kisha kingine, kisha akaweka kijiko chini, akaliinua bakuli kwa mikono miwili mpaka likamfunika uso. Mvua ilikuwa imeacha na baridi ya jioni imeanza kuingia, na niliona mvuke ukimzunguka masikioni. Akaliteremsha bakuli tupu.

"Ni tamu," akasema. "Siwezi kusema uongo, ni tamu sana. Imenifika mpaka magotini."

Nilitaka kupiga vigelegele. Akainua kidole.

"Lakini utamu ni jambo moja. Tahiri ana nia ya uhakika, ghala litakaa miaka. Na hili lingine, mkwe wetu, mume wa Flora, asimame stendi na upawa akiwahudumia makondakta? Mwanaume? Watu watasema ukoo wetu umemgeuza mkwe wake kuwa mwanamke. Watasema tumeshindwa kumpa hata shamba. Mimi ndiye nitakayeulizwa, Flora, si wewe."

Tahiri akafuta mdomo. "Mzee, mimi sitakudanganya, uwanja bado nautaka," akasema. "Ila na supu naitaka. Naomba nyingine."

Hakuna aliyecheka. Dastani alikuwa amesimama kwenye kona ya nyumba, na nikamwona akiinamisha kichwa, uso ukiwa ule ule wa siku Dorothy alipomwita mgeni. Nikajua amekubali kushindwa. Mume wangu ni mwepesi wa kukubali kushindwa, ndiyo kasoro yake, na nilikuwa najipanga kusema maneno ambayo mpwa hapaswi kumwambia mjomba wake.

Mama akanitangulia. Alitoka jikoni, upawa mkononi, masizi mpaka kwenye paji la uso, akapita katikati ya baraza. Akasimama upande ule ule wa Dastani, karibu naye, kitu ambacho hakijawahi kuonekana kwenye nyumba ile.

"Hatasimama peke yake," akasema. "Atasimama na mimi. Yeye atapika, mimi nitakaanga vitunguu. Watu wakitaka kusema, waanze na Mabel."

Mjomba akashtuka kweli kweli. "Wewe na mkweo? Jiko moja? Mbele za watu stendi? Dada, na mila je?"

"Mila ni nini, Walter? Si heshima?"

"Ni heshima."

"Leo mtu huyu amesimama kwenye mvua akanitazama namwaga riziki yake chini. Angeniita jina moja tu ningeacha. Hakuniita. Alinyamaza akaona kila kitu kinakwenda, ili asinivunjie heshima. Heshima gani nyingine mnamtaka anipe?"

Mjomba alilitazama bakuli lake, akalitazama na la Tahiri lililokuwa linajazwa tena na Dorothy. Nilisikia matone ya mvua yakidondoka kutoka kwenye makuti.

"Uwanja ni wako kama ulivyo wangu, dada," akasema mwishowe, polepole, kama mtu anayeteremsha mzigo ambao hakutaka kuubeba toka mwanzo. "Sikujua kama unautaka."

"Sikujua mpaka leo."

"Basi, Tahiri, utanisamehe. Kuna sehemu nyingine chini ya barabara, tutaizungumza. Flora, kuna supu imebaki?"

Nilikwenda kuichukua mbio hata nikamwaga nyingine njiani. Niliporudi nilimkuta mama bado amesimama pale pale. Hakuwa ametazama uso wa Dastani, wala hakuutazama hata wakati huo; alikuwa anautazama upawa wake. Lakini alipozungumza hakuzungumza na mimi, wala na sufuria.

"Nkwe, basi la kwanza linaondoka saa ngapi?"

"Saa kumi na moja alfajiri, mama."

"Basi, Jumatatu saa tisa usiku nitakuwa nimewasha moto. Usichelewe."